Aliteuliwa Mara Sita, Hakushinda Hata Moja: Kisa cha Thelma Ritter na Oscar

Kuanzia sherehe za mwaka 1951 hadi za mwaka 1963, jina la Thelma Ritter lilisomwa mara sita miongoni mwa wanaowania Tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike. Mara sita bahasha ikafunguliwa, mara sita likatoka jina la mtu mwingine. Nne za mwanzo zilifuatana bila kuruka: filamu za 1950, 1951, 1952 na 1953. Kisha ikaja ya 1959, na ya mwisho 1962. Hakuna mwanamke mwingine aliyeteuliwa mara nyingi kiasi hicho katika kipengele hicho, na rekodi hiyo angali anayo.

Wapenzi wa sinema za zamani wakilitaja jambo hili hulimaliza kwa neno moja: dhuluma. Mimi sikubaliani nao, walau si kwa mara zote sita. Ukiupitia mwaka mmoja mmoja, ukaangalia alishindana na nani, filamu ipi ilikuwa inapepea, na yeye mwenyewe alikuwa anacheza nini, unaanza kuona kwamba kilichomfikisha kwenye orodha ndicho kilichomzuia kuivuka. Upo mwaka mmoja ambao maelezo hayo hayatoshi. Nitaufikia.

Kwanza mwenyewe. Alizaliwa Brooklyn, New York, tarehe 14 Februari 1902. Alisomea uigizaji katika American Academy of Dramatic Arts, akazunguka na vikundi vya maigizo ya jukwaani, na mwaka 1927 akaolewa na mwigizaji mwenzake, Joseph Moran. Miaka ya mdororo wa uchumi haikuwa na huruma kwa watu wa jukwaani. Mume akaacha uigizaji akaingia kwenye biashara ya matangazo, mke akakaa nyumbani kulea watoto wawili. Aliporudi kazini miaka ya 1940 alirudia redioni. Naona hapo ndipo silaha yake iliponolewa, maana redioni huna uso wala mikono. Una sauti tu, na kwa sauti hiyo msikilizaji lazima ajue wewe ni nani, umetoka mtaa gani, na umeamka vipi asubuhi hiyo. Sauti ya Ritter ilikuwa kavu, yenye mkwaruzo, ya Brooklyn tupu. Sentensi mbili tu na tayari umeshamjua mama yule.

Sinema ilimpata akiwa na miaka 45. Mwaka 1947 muongozaji George Seaton, rafiki wa siku nyingi, alikuwa anatengeneza Miracle on 34th Street, sehemu yake ikipigwa ndani ya duka kubwa la Macy's jijini New York. Akamwita Ritter kwa kazi ndogo. Anacheza mama aliyechoka na pilikapilika za Krismasi, anayetafuta gari la zimamoto la kuchezea la mwanawe. Baba Krismasi wa duka anamwambia wapi litapatikana: kwa washindani. Mama anaduwaa. Ametembea mji mzima akidanganywa na wauzaji, na sasa duka linamwelekeza aende akatoe fedha zake kwingine. Anamtafuta meneja, si kulalamika, bali kumwambia kwamba kwa ustaarabu ule, kuanzia leo yeye ni mteja wao.

Ni dakika chache tu, na jina lake halikuandikwa hata kwenye orodha ya waigizaji. Lakini Darryl F. Zanuck, bwana mkubwa wa studio ya 20th Century Fox, alipoviona vipande vilivyopigwa aliagiza sehemu ya mama yule iongezwe. Baadaye Fox ikampa mkataba. Tazama alichokiona Zanuck. Hollywood ilikuwa imejaa waigizaji waliojua kuigiza uchovu: mkono kwenye paji la uso, pumzi ndefu, macho juu. Ritter hakuigiza uchovu. Alisimama na mifuko yake mkononi kama mtu ambaye miguu inamuuma na bado ana maduka matatu ya kupitia.

Mkataba ulileta kazi mfululizo, na kazi zilifanana. Mwaka 1949 alikuwa mtumishi wa ndani katika A Letter to Three Wives ya Joseph L. Mankiewicz, tena bila kutajwa. Mwaka uliofuata Mankiewicz akamwita tena, safari hii kwa Birdie Coonan katika All About Eve. Birdie ni msaidizi wa nyota wa jukwaa Margo Channing, aliyechezwa na Bette Davis. Zamani naye alikuwa mchekeshaji wa majukwaa ya hadhi ya chini, kwa hiyo anajua harufu ya uigizaji hata pale watu wanapodhani wanasikiliza ukweli. Eve, binti anayejitambulisha kama shabiki wa Margo, anapoingia chumbani na kisa chake cha majonzi, wote wanatokwa machozi. Birdie peke yake anakipima kisa kile kama mtu anayekagua noti ya bandia. Analainika kidogo kwa dakika chache, halafu anamtazama tena Eve na kuona binti huyu hamhudumii Margo: anamsoma.

Uteuzi wa kwanza ukatoka hapo. All About Eve iliteuliwa mara 14, ikashinda mara sita, na bado hakuna mwigizaji wa kike wa filamu ile aliyeondoka na tuzo. Davis na Anne Baxter, aliyecheza Eve, waligombea wote wawili kwenye kipengele cha mwigizaji mkuu, wakashindwa na Judy Holliday. Ritter na Celeste Holm waligombea wote wawili kwenye usaidizi, wakashindwa na Josephine Hull wa filamu ya Harvey. Wa kiume, George Sanders, aliyekuwa peke yake katika kipengele chake kutoka filamu ile, alishinda. Kura za Oscar hazitangazwi idadi yake, kwa hiyo hesabu kamili haipo. Lakini wanapokuwa wawili kutoka nyumba moja, na anayetakiwa ni mmoja mwenye kura nyingi kuliko wenzake, kugawana kura ni hatari ya wazi.

Kuna sababu nyingine ambayo watetezi wa Ritter hawapendi kuitaja. Birdie anapotea. Baada ya sherehe maarufu ya Margo, mtumishi yule anatoweka kwenye hadithi, na nusu ya pili ya filamu inaendelea bila yeye. Kwa mantiki ya hadithi inaeleweka, kwani aliyeona mapema hana kazi tena wakati kila mtu ameshaona. Kwa mpiga kura anayetoka ukumbini saa mbili na robo baada ya kuingia, ni hasara. Hull kwa upande wake alikuwa mama wa zaidi ya miaka 70, aliyekwisha kuicheza nafasi ile ile Broadway, kwenye majukwaa makubwa ya New York, tangu 1944, na filamu yake haikumwacha apotee.

Kabla ya kwenda mbele, niseme neno juu ya namna Oscar inavyopigiwa kura, kwa sababu bila hilo kisa hiki hakisomeki. Kura ni mbili. Ya kwanza ni ya kuteua, na kwa waigizaji hiyo hupigwa na watu wa fani yao. Ya pili ni ya kumpata mshindi, nayo ni ya wanachama wote wa Academy, chama cha watu wa sinema kinachotoa Oscar: waandishi, wapiga picha, watu wa muziki, watayarishaji, wakuu wa studio. Kundi la kwanza linajua ugumu wa kusimama mbele ya kamera na kuonekana hufanyi lolote. Kundi la pili linajua sinema, lakini kila mmoja anaitazama kutoka dirisha la kazi yake. Ritter alikuwa mwigizaji wa waigizaji. Waliomteua mara sita walikuwa wanampigia saluti mwenzao. Walioamua mshindi walitaka kuguswa, na mtu huguswa zaidi na kile anachokiona kinafanyika.

Anayedhani aina ya mpiga kura haina uzito amwangalie Walter Brennan. Naye alikuwa mtu wa nafasi za pembeni, mzee wa filamu za ng'ombe na farasi hata kabla hajazeeka. Tuzo ya mwigizaji msaidizi ilipoanzishwa kwa filamu za 1936 yeye ndiye aliyekuwa mwanamume wa kwanza kuipata. Akaipata tena kwa filamu ya 1938, na tena kwa ya 1940. Tatu ndani ya miaka mitano! Alikuwa mwigizaji mzuri, sikatai. Lakini miaka ile waigizaji wa kujaza umati, wale wanaopita nyuma ya waigizaji wakuu kwa ujira wa siku, walikuwa na kura, na Brennan alianzia kwao. Wengi walioandika historia ya Hollywood wanaona kura za wenzake wale zilimbeba, na baadaye umati ule ulinyimwa kura. Ritter alikuja wakati jeshi la namna hiyo halipo tena. Isitoshe hakuwa hata mkazi wa mji wenyewe: aliendelea kuishi New York na familia yake, akaenda California kwa ajili ya kazi. Waswahili husema kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza. Hollywood hata kizuri hutembezwa, na anayekitembeza ni studio.

Sasa mwaka 1951, ambao kwangu ni mkanganyiko wa aina yake. The Mating Season ni filamu ya Paramount, imeongozwa na Mitchell Leisen, na majina makubwa ya mbele ni Gene Tierney, John Lund na Miriam Hopkins. Lakini ukiitazama, hadithi ni ya Ritter. Ni Ellen McNulty, mjane mwenye kibanda cha kuuza hambaga kinachokwenda na maji kwa sababu ya madeni. Anamfuata mwanawe aliyeoa binti wa tabaka la juu. Anafika mlangoni siku ya karamu, na mkwewe, ambaye hajawahi kumwona, anamdhani ni mpishi wa kukodi. Mama hasemi kitu. Anavaa aproni anaingia jikoni.

Sisi tunaotoka kwenye jamii ambazo mama mkwe ana heshima zake tunaitazama filamu hii tukiwa tumekunja uso, na nadhani Ritter alijua tutakunja. Hachezi unyonge. Anacheza mwanamke anayefurahia siri yake, anayempenda mkwewe kwa jinsi anavyomwona akihangaika na sufuria, na ambaye aibu halisi anaiona kwa mwanawe. Ile ni kazi ya mwigizaji mkuu, si ya msaidizi. Lakini studio za wakati ule zilijua hesabu: mwanamke wa karibu miaka 50 asiye na sura ya bango akiwekwa kwenye kipengele cha wakuu atakutana na Vivien Leigh wa A Streetcar Named Desire na Katharine Hepburn wa The African Queen, ile iliyopigwa Kongo na Uganda. Akawekwa kwenye usaidizi. Huko nako Streetcar ilimsubiri. Filamu ile ilichukua tuzo tatu za waigizaji, na Kim Hunter akawa mmoja wa waliozichukua. Nitaje pia kwamba sanamu lile halikumkinga Hunter na lolote. Muda si mrefu jina lake lilikuwa kwenye orodha nyeusi ya watuhumiwa wa ukomunisti, na kazi za sinema zikakauka. Lee Grant, aliyeteuliwa naye mwaka ule ule, yakamkuta hayo hayo.

Ya 1952 sitaisemea sana. With a Song in My Heart ni maisha ya mwimbaji Jane Froman, aliyeumia vibaya ndege ilipoanguka Lisbon mwaka 1943. Susan Hayward ndiye Froman, Ritter ni muuguzi wake, mwenye maneno ya kumtoa mgonjwa kwenye kujihurumia. Kazi safi, lakini ni kazi ambayo angeweza kuifanya akiwa anafuma sweta. Gloria Grahame akashinda kwa takriban dakika tisa na ushei za The Bad and the Beautiful. Watu humlaumu Grahame kwa ufupi wa dakika zake, wakisahau kwamba mwaka ule alikuwa kila mahali, ikiwa ni pamoja na The Greatest Show on Earth iliyochukua tuzo ya filamu bora. Mpiga kura alikuwa na sababu nyingi za kulikumbuka jina lake.

Tufike 1953, maana hapa ndipo penye kesi.

Pickup on South Street ya Samuel Fuller ni filamu ya wezi wa mifukoni, polisi na majasusi wa kikomunisti jijini New York. Richard Widmark ni Skip, kibaka anayemchomolea mwanamke pochi ndani ya treni ya chini ya ardhi bila kujua kwamba ndani mna ukanda mdogo wa picha wenye siri za serikali. Polisi wanataka kujua kibaka ni nani, na wanajua wa kumuuliza: Moe Williams, mama anayeuza tai mitaani na, pembeni, anauza majina. Hapo anaingia Ritter. Anakaa ofisini kwa polisi, anapatana bei, anaeleza tofauti ya mbinu za kila kibaka mjini kama fundi anayeeleza kazi za mafundi wenzake, na fedha anazopata anazitunza. Anadunduliza anunue kaburi. Ana eneo analolitaka na jiwe analolitaka. Kinachomtisha duniani ni kimoja tu: kufa na kwenda kuzikwa Potter's Field, makaburi ya jiji ya watu wasio na wa kuwazika.

Jambo linaloifanya nafasi hii isiwe kama nyingine ni uhusiano wa Moe na Skip. Amemuuza kwa polisi, na Skip anajua, na Skip hana kinyongo, kwa sababu mtu lazima ale. Miongoni mwa watu wale uchongezi ni biashara yenye bei yake. Halafu anakuja Joey, wakala wa wakomunisti, anayechezwa na Richard Kiley, chumbani kwa Moe usiku, anataka anwani ya Skip na ana fedha mkononi. Moe ameshinda mitaani na tai zake siku nzima. Ameketi kitandani. Santuri inaimba wimbo laini. Mama ambaye amemuuza kila mtu anakataa kumuuza mtu mmoja kwa huyu mteja. Anajua gharama ya jibu lake, na anamweleza jinsi alivyochoka, jinsi mwili wake ulivyo kama saa kuukuu inayokaribia kusimama, na hapo ndani ya sauti hamna ombi la kuhurumiwa hata chembe. Kamera inasogea kwenye santuri. Tunasikia mlio wa risasi.

Nimeshawaonyesha watu wasiopenda filamu za rangi nyeusi na nyeupe kipande hicho peke yake, bila kuwaeleza hadithi, na hawakuhitaji kuelezwa. Vile vile vitu ambavyo Ritter alivizoea, yaani sauti kavu, vichekesho vya mtu wa mtaani, miguu inayouma, vyote vimo, lakini safari hii vina mzigo juu yake. Yule mama wa dukani Macy's anakufa mbele yako. Baadaye, jeneza la Moe linapopakiwa kwenye boti kuelekea Potter's Field, ni Skip anayekwenda kulikomboa.

Kwa nini basi hakushinda? Hakuwa na Birdie anayepotea. Moe anafia katikati ya filamu na filamu nzima inamlilia. Hakuwa na mtu wa kugawana naye kura. Hakuwa anarudia alichokifanya jana. Kwa hiyo yale maelezo yangu ya mwanzo, kwamba ufundi usioonekana haupati kura ya pili, hapa hayafanyi kazi. Hapa ufundi ulionekana.

Jibu moja ni From Here to Eternity. Filamu ile iliteuliwa mara 13, ikachukua nane, na Donna Reed akabebwa na wimbi lake. Reed naye alikuwa na hadithi ambayo wapiga kura huipenda kuliko zote: mke mwema wa sinema aliyegeuka. Kwa miaka alikuwa amecheza wanawake watulivu wa nyumbani, na sasa alikuwa mhudumu wa klabu ya wanajeshi huko Honolulu, wa aina ambayo riwaya iliyozaa filamu ile ilisema wazi na filamu ikalazimika kuzunguka. Mpiga kura aliona umbali aliosafiri. Ritter alisafiri kwenda chini, ndani zaidi ya mtu yule yule, na safari ya namna hiyo haipimwi kwa macho.

Jibu jingine liko ndani ya studio yake mwenyewe. Pickup on South Street ilipata uteuzi mmoja tu, huo wa Ritter. Fox mwaka ule ilikuwa na The Robe, filamu ya kwanza kutolewa kwa skrini pana ya CinemaScope, mradi ambao studio iliuona kama dawa yake dhidi ya televisheni. Nguvu zilikwenda huko. Filamu ndogo ya vibaka, tena ambayo J. Edgar Hoover, mkuu wa FBI, idara ya upelelezi ya Marekani, hakuifurahia, haikuwa na wa kuitembeza. Ufaransa ilipofika, katika tafsiri ya sauti wakomunisti waligeuzwa kuwa wauza dawa za kulevya, ujionee jinsi ilivyokuwa haina mwenyewe.

Nina dhana ya tatu, na naiita dhana. Mwaka 1953 Hollywood yenyewe ilikuwa mji wa wachongezi. Watu walikuwa wameitwa mbele ya kamati ya bunge kutaja majina ya wenzao waliodhaniwa kuwa wakomunisti. Wengine walitaja, wengine walikataa wakapoteza kazi. Na hapa kuna filamu ambayo mtu wake mwenye utu kuliko wote ni mama anayeishi kwa kutaja majina, na ambaye heshima yake inakuja siku anapokataa kutaja moja. Eti anakataa kumtajia mkomunisti, kwa hiyo kwenye karatasi ni filamu ya kizalendo. Lakini ukumbini, mtu aliyetaja na mtu aliyekataa wangeweza wote kukaa vibaya kwenye viti vyao.

Pembeni ya haya kuna jambo dogo linalotuhusu. Mmoja wa walioshindwa pamoja na Ritter mwaka ule ni Grace Kelly, aliyeteuliwa kwa Mogambo, ambayo John Ford aliipiga Kenya, Uganda na Tanganyika, wakati Kenya iko kwenye vita vya Mau Mau. Mwaka uliofuata Kelly na Ritter walikutana kwenye chumba kimoja, cha James Stewart mwenye mguu kwenye plasta, katika Rear Window ya Alfred Hitchcock. Ritter ni Stella, muuguzi anayetumwa na kampuni ya bima. Anamkanda mgonjwa mgongo huku akimkanya juu ya tabia ya kuchungulia majirani, na siku mbili baadaye ni yeye anayeuliza kwa sauti, Stewart akiwa na chakula mdomoni, muuaji amemkatia mkewe wapi. Leo hiyo ndiyo filamu yake inayotazamwa kuliko zote, na ndiyo ambayo hakuteuliwa. Badala yake, usiku wa sherehe mwezi Machi 1955, Bob Hope akiongoza ukumbi wa Hollywood, Ritter aliongoza ule wa New York. Walimkabidhi nyumba, hawakumkabidhi sanamu.

Ritter wa miaka hiyo ya katikati ndiye wa kumtumia mtu anayedai kwamba hakuweza kushinda chochote. Mwaka 1955 aliicheza The Catered Affair ya Paddy Chayefsky kwenye televisheni, moja kwa moja hewani, akateuliwa kwa Emmy, tuzo ya televisheni. Filamu ilipotengenezwa mwaka uliofuata nafasi yake alipewa Bette Davis, yule yule ambaye Birdie alikuwa akimfunga vifungo vya gauni. Mwaka 1957 alirudi Broadway kwenye New Girl in Town, mchezo wa nyimbo uliotokana na Anna Christie ya Eugene O'Neill. Mwaka 1958 akapata Tony, tuzo ya maigizo ya Broadway, ya mwigizaji bora wa kike wa mchezo wa nyimbo, kwa kulingana kura na nyota wa mchezo ule ule, Gwen Verdon. Yaani alipohukumiwa kama mwigizaji mkuu, na watu wa mji wake, alishinda. Kwenye sinema alikuwa kiungo mkabaji: akikosekana timu inavuja, akiwepo sifa za magoli ni za mshambuliaji.

Uteuzi wa 1959, wa Pillow Talk, ni zawadi kwa dakika chache za furaha. Ni Alma, mtumishi wa Doris Day anayekuja kazini kila asubuhi na kichwa kinachogonga, na ambaye Rock Hudson anajaribu kumlewesha ili amchimbe habari. Anayelewa ni Hudson. Shelley Winters alishinda kwa The Diary of Anne Frank, na sanamu lake baadaye akalipeleka kwenye jumba la Anne Frank huko Amsterdam. Sioni mtu angepiga kura vinginevyo kwa ajili ya vichekesho vya hangova.

Ya mwisho, ya 1962, ina kioja chake. Muongozaji John Frankenheimer alikuwa na akina mama wawili kwenye kipengele kimoja, kutoka filamu mbili tofauti: Ritter kama mama wa mfungwa Robert Stroud katika Birdman of Alcatraz, na Angela Lansbury katika The Manchurian Candidate. Wote wawili wanapenda wanao kwa upendo unaonyonga. Wa Ritter anapigana hadi anamwokoa mwanawe na kitanzi, halafu mwanawe anapooa gerezani anamgeuka kabisa, kwa sababu ameingia mwanamke mwingine. Aliiacha ile sauti ya vichekesho nyumbani. Hakuna mzaha hata mmoja. Hatimaye alikuwa amefanya kile wapiga kura wanachodai, kubadilika, na siku hiyo hiyo akatokea Patty Duke, msichana wa miaka 16, kama Helen Keller, kipofu na kiziwi, katika The Miracle Worker. Ukishindana na mtoto anayejifunza neno lake la kwanza, nenda nyumbani.

Ritter alifariki New York tarehe 5 Februari 1969 kwa maradhi ya moyo, siku chache kabla ya kutimiza miaka 67. Academy ina tuzo za heshima kwa watu iliowapita. Lansbury alipewa yake mwaka 2013. Ritter hakupewa.

Nikiulizwa nizipige upya kura zote sita: 1950 namwachia Hull, kwa sababu ya ile nusu ya pili ya filamu. 1951 namhamishia Ritter kwenye waigizaji wakuu, anashindwa na Leigh, na anatoka kichwa juu. 1952 si wake wala si wa Grahame, ni wa Jean Hagen wa Singin' in the Rain. 1953 ni wake, na hapo sibishani na mtu. 1959 ningempa Juanita Moore wa Imitation of Life. Na 1962, ingawa moyo unakataa, karatasi yangu ina jina la Angela Lansbury.